Devdas alipata machozi yetu. Paro na Chanda walipata nini?



Siku ya posho iliyopita, kikundi chetu kilipomaliza kuhesabu makuta ya likelemba, mvua ilitukamata kwa mama mmoja mwenye televizyo kubwa. Tulikuwa wamama sita. Watoto wa nyumba walikuwa wameweka filme ya Kihindi, ile Devdas ya mwaka 2002, ya Shah Rukh Khan, yenye sauti ya mtafsiri anayeeleza mambo yote kwa Kiswahili juu ya maneno ya waigizaji. Wengi wetu tulikuwa tumekwisha kuiona. Hata hivyo, ilipofika mwisho, Devdas amelala mbele ya nyumba ya Paro akikata roho, Paro anakimbia na sari yake ndefu, na lango linafungwa kabla hajafika, hakuna aliyebaki na macho makavu. Mama mmoja akafuta machozi kwa kitenge, akasema: "Mwalimu, ule kijana alimupenda kweli. Ni wazazi tu ndio waliharibu."

Nikamjibu: "Alimpenda, mama, lakini alimpiga usoni pia. Mmesahau?"

Ndipo ubishi ukaanza. Mvua iliisha sisi tukiwa bado tunabishana, na mwenye nyumba akapika chai mara ya pili. Niliahidi kwamba juma hili nitaandika juu ya jambo hili, maana kuna filme nyingine ya Kihindi iliyochukua hadithi hiyo hiyo na kuigeuza. Inaitwa Dev.D. Ilitoka mwezi wa pili wa mwaka 2009, na aliyeiongoza ni Anurag Kashyap. Wachache kati yetu wameiona, na nitasema mapema: haifai kuangaliwa na watoto. Huko India yenyewe waliiruhusu kwa watu wazima tu. Lakini mama anaweza kuiangalia peke yake, usiku watoto wamelala, na akapata cha kufikiri.

Tuanze na hadithi ya zamani, ili hata asiyeijua atembee pamoja nasi.

Devdas ni kitabu kwanza. Kiliandikwa kwa lugha ya Kibengali na Sarat Chandra Chattopadhyay, kikachapwa mwaka 1917. Devdas ni mtoto wa tajiri wa kijiji, mwenye mashamba. Paro, jina lake kamili Parvati, ni binti wa jirani. Wamecheza pamoja tangu utoto. Binti anapofikia umri wa kuolewa, familia yake inatamani aolewe na Devdas. Familia ya Devdas inakataa. Sababu moja itawashangaza ninyi mnaojua mambo ya mali ya ndoa: ukoo wa Paro ulikuwa na desturi ya kupokea mali kwa ajili ya binti, na wale matajiri waliona hiyo ni kufanya biashara ya watoto. Kwetu, kutoa mali ni heshima. Kwao, ilikuwa sababu ya kuwadharau majirani.

Paro hakukaa kimya. Usiku, peke yake, alikwenda mpaka chumbani mwa Devdas, akamwambia moyo wake. Kwa msichana wa wakati ule, hilo lilikuwa kuweka jina lake lote juu ya meza. Na Devdas akafanya nini? Aliogopa wazazi wake. Akakimbilia Calcutta, akamwandikia barua ya kumwacha. Kisha akajuta, akarudi. Paro akamwambia wakati umepita. Kwa hasira, Devdas akampiga kichwani kwa fimbo ya kuvulia samaki, akamwachia kovu kwenye paji la uso. Paro akaolewa na mjane tajiri mwenye watoto wakubwa. Devdas akaingia katika pombe. Huko mjini akakutana na Chandramukhi, mwanamke aliyeishi kwa kucheza ngoma na kupokea wanaume. Chandramukhi akampenda, akaacha kazi ile kwa ajili yake, akamtunza. Devdas hakumpenda vizuri yeye wala Paro. Mwishoni, akiwa mgonjwa, alikwenda kufa mbele ya nyumba ya Paro. Na katika ukurasa wa mwisho, mwandishi mwenyewe anatuomba sisi wasomaji tumhurumie mtu huyo.

Nanyi mnajua kwamba tumemhurumia. India imemlilia zaidi ya miaka mia moja. Filme ya kwanza ya Devdas ilitoka mwaka 1928, wakati filme hazikuwa bado na sauti. Mwaka 1935 P. C. Barua aliifanya kwa Kibengali, na mwaka 1936 kwa Kihindi, na mwimbaji K. L. Saigal akawa Devdas. Mwaka 1955 Bimal Roy akaifanya tena na Dilip Kumar. Mwaka 2002 ikaja ile ya Sanjay Leela Bhansali tuliyoiona siku ya mvua. Vijana wengi wakajifunza kwamba mwanaume anayekunywa mpaka kufa kwa ajili ya mwanamke ndiye anayependa kweli.

Kuna jambo dogo hapa ambalo mimi nimelipenda sana. Katika filme ya 1955, Chandramukhi aliigizwa na Vyjayanthimala. Walipompa tuzo ya Filmfare ya mwigizaji msaidizi, alikataa kuipokea. Alisema kazi yake ilikuwa sawa na ya yule aliyeigiza Paro. Hakukubali kuitwa msaidizi katika hadithi ambayo aliibeba nusu nzima. Baadaye Madhuri Dixit aliigiza Chandramukhi katika ile ya 2002, akapewa tuzo hiyo hiyo ya msaidizi. Na Kalki Koechlin, aliyeigiza nafasi hiyo katika Dev.D, naye akapewa hiyo hiyo. Mara tatu, mwanamke yule yule, msaidizi! Anayemwosha mlevi, anayemlisha, anayemwokota barabarani, anaitwa msaidizi. Wamama, hilo si la India peke yake.

Sasa tuingie katika Dev.D.

Kashyap ameitoa hadithi katika nyumba za wafalme na sari za dhahabu. Ameiweka Punjab, katika mashamba ya miwa, kisha Delhi, katika mtaa wa Paharganj wenye hoteli za bei ndogo na mataa ya rangi usiku kucha. Devdas sasa ni Dev, mtoto wa mwenye kiwanda cha sukari, aliyetumwa kusoma London. Ameigizwa na Abhay Deol, ambaye ndiye aliyeleta wazo lenyewe la kuigeuza hadithi hii. Paro, yaani Mahie Gill, ni binti wa mtu anayefanya kazi kwa baba yake Dev. Filme imegawanywa katika sehemu tatu: ya kwanza ina jina la Paro, ya pili la Chanda, ya tatu la Dev. Angalieni mpangilio huo. Wanawake wanatangulia, kila mmoja na hadithi yake.

Geuzo la kwanza ni hili: hakuna mzazi anayefunga lango. Baba yake Dev ni mtu mpole. Dev anarudi kutoka London kwa arusi ya kaka yake, na Paro anamngoja kwa furaha. Njia iko wazi. Kisha mwanaume mmoja anajivuna mbele ya Dev kwamba amekwisha kulala na Paro. Ni uongo. Lakini Dev anauamini mara moja, bila kumwuliza Paro hata swali moja. Yeye mwenyewe hakuwa ameishi kama mtawa, lakini anamtaka Paro awe malaika. Paro, kwa ujasiri wake, anabeba matela juu ya baiskeli mpaka shambani, kwa sababu amechoka kungoja. Dev anamtukana na kumfukuza. Mama Paro wa zamani alitembea usiku mpaka chumbani. Huyu wa leo anatembea mchana na matela. Ni ujasiri ule ule, na jibu la mwanaume ni lile lile: aibu yote iwe juu yako.

Hapo filme inatuondolea sababu tuliyoizoea. Hatuwezi tena kusema "wazazi ndio waliharibu". Aliyeharibu ni uvumi, pamoja na mtu aliyetaka kuuamini.

Paro analia, ndiyo. Kisha anaolewa na Bhuvan, mjane mwenye watoto, na siku ya arusi anacheza ngoma. Anaendelea kuishi. Baadaye anakuja kumtazama Dev katika chumba chake cha hoteli huko Delhi, chumba kichafu cha mlevi. Anafagia, anafua nguo zake. Sisi tunaoangalia tunafikiri: haya, sasa wanarudiana. Dev naye anafikiri hivyo. Paro anamkatalia, anamweleza waziwazi kwamba hajui kupenda mtu mwingine isipokuwa nafsi yake, kisha anarudi kwake. Hakuna lango lililofungwa na wengine. Ni yeye mwenyewe aliyefunga mlango, kwa mkono wake.

Geuzo la pili ni Chanda, na hapa ndipo nilisimamisha filme nikaenda kunywa maji.

Chanda hakuzaliwa katika nyumba ya wanawake wanaouza mwili. Alikuwa mwanafunzi wa sekondari huko Delhi, jina lake Leni, binti wa familia nzuri. Kijana aliyempenda alimchukua video ya siri kwa telefone. Video ikasambaa mji mzima. Jambo hili lilitoka katika maisha ya kweli: mwaka 2004, video ya wanafunzi wawili wa Delhi ilipita telefone kwa telefone, hata ikatangazwa kuuzwa katika intaneti, na India nzima ikaongea juu yake. Katika filme, watu wote wanaitazama, kisha watu hao hao wanamwita msichana malaya. Baba yake naye aliitazama. Kisha, kwa aibu, baba akajiua. Msichana akatumwa kwa ndugu kijijini, nako wakamwona kama uchafu uliopelekwa kwao. Akatoroka, akarudi Delhi, na mtu aliyempa mahali pa kulala alikuwa mwenye biashara ya wanawake.

Fikirini hesabu hiyo. Shule haikumpokea, wala familia yake. Mlango pekee uliobaki wazi ulikuwa ule wa mwenye biashara. Tunapouliza mabinti wanafikaje katika nyumba zile, filme hii inatujibu: milango mingine yote iliwafungia kwanza. Na Chanda hata pale hakuacha masomo. Mchana anasoma, usiku anafanya kazi ile. Jina Chanda alilichagua mwenyewe, alipoona Devdas ya 2002 katika televizyo na kumwona Chandramukhi.

Geuzo la tatu ni la Dev. Anakunywa, anatumia madawa ya kulevya, anatapanya fedha za nyumbani, na usiku mmoja akiwa mlevi anaendesha motokari na kuua watu barabarani. Hilo pia lilifanana na ajali iliyotokea Delhi mwaka 1999, ya kijana wa tajiri. Katika hadithi ya zamani, ulevi wa Devdas uliharibu mwili wake, na sisi tukaita hilo mapenzi. Hapa ulevi unaua watu wengine, watu waliokuwa na mama zao. Baba yake anakufa pia, na Dev anakuja maziko akiwa hafai kitu.

Lakini Dev hafi. Hilo liliwashangaza sana wazee waliopenda Devdas. Wote tulingoja afe mbele ya mlango wa Paro. Badala yake, anaponea kidogo tu kugongwa na gari, na kwa mara ya kwanza anajiona jinsi alivyo. Anarudi kwa Chanda. Chanda anamwosha. Wanaondoka pamoja juu ya pikipiki.

Sasa ninyi mtaniuliza: Mwalimu, huo ni mwisho mzuri? Kwangu mimi, nusu. Nafurahi kwamba hakufa, maana Devdas wa zamani alikufa ili tumlilie na tusahau kovu la Paro. Mtu akiisha kufa, nani atamwuliza deni? Anayebaki hai anapaswa kuamka kesho, kuomba radhi, kwenda kazini, kulipa. Lakini naona pia kwamba wale waliokufa barabarani wamesahaulika haraka. Na naona kwamba kazi ya kumwosha mlevi imebaki juu ya mwanamke, na mwanamke huyo ndiye aliyebeba mengi kuliko wote. Kashyap amegeuza vitu vingi, lakini beseni ya maji bado iko mkononi mwa Chanda.

Nilisema nilisimamisha filme nikaenda kunywa maji. Niwaambie sababu.

Miaka michache iliyopita, katika shule moja nilipofundisha, kulikuwa na msichana wa mwaka wa tano. Alikuwa mwenye akili na mwandiko mzuri. Alimtumia kijana mmoja wa darasa lake sauti kwa telefone. Yalikuwa maneno ya mapenzi tu, yale ambayo msichana wa miaka yake anasema akidhani anasikiwa na mtu mmoja. Kijana akawatumia wenzake. Kwa siku mbili shule nzima ilikuwa imeisikia. Wakati wa mapumziko, katika chumba cha walimu, mwalimu mmoja alitoa telefone yake, akaiweka juu ya meza, akaifungua. Tulikuwa walimu saba.

Wamama, mimi pia nilisikiliza. Na nilicheka. Si sana, lakini nilicheka.

Kesho yake nilirudisha madaftari darasani. Nilipofika kwake, niliweka daftari juu ya meza yake bila kumtazama. Alikuwa amepata alama kumi na sita juu ya ishirini, na sikusema neno, mimi niliyezoea kumsifu. Baada ya juma mbili hakuonekana tena. Tulisikia kwamba wamemtuma kwa shangazi yake. Kijana hakuulizwa kitu. Alimaliza, akafanya mtihani wa Serikali, akapata diploma yake, na sisi walimu tulikunywa soda kwenye sikukuu yao.

Mwaka jana nilimkuta sokoni, akiuza ndagala, na mtoto mgongoni. Akanisalimia: "Jambo, Mwalimu." Kwa heshima ile ile ya zamani. Akaniongezea kiganja kimoja juu ya kipimo. Nilibeba ndagala zile mpaka nyumbani na sikuweza kuzipika siku hiyo.

Baba yake Chanda alitazama video. Mimi nilisikiliza sauti. Nilikuwa nimejiona mtu mwema kwa sababu sikuisambaza. Lakini mtoto yule hakuhitaji mtu asiyesambaza tu. Alihitaji mtu mzima mmoja katika chumba kile aseme: "Funga telefone hiyo. Huyu ni mtoto wetu. Mwiteni kijana aliyeituma." Tulikuwa saba, na hakuna aliyesema.

Kwa hiyo sitawaomba tuache kumlilia Devdas. Nyimbo ni nzuri, na Shah Rukh Khan anajua kutoa machozi. Naomba tu kwamba tukiisha kufuta macho, tuongee, na watoto wakubwa wakiwa karibu wakisikia. Vijana wetu wa kiume wasikie mama zao wakisema kwamba kumpiga mtu usoni na kunywa mpaka kuanguka si mapenzi. Mabinti wetu wasikie kwamba jambo baya likiwapata, mlango wa nyumbani hautafungwa.

Nawaachia maswali matatu kwa mkutano wa siku ya posho:

1. Uvumi juu ya binti ukifika kwako, unamwuliza nani kwanza: yeye mwenyewe, au jirani?

2. Katika kikundi chetu, telefone ikifunguliwa mezani ili tusikie au tuone aibu ya mtoto wa mtu, nani atakuwa wa kwanza kusema "funga"? Tumchague mapema, kama tunavyochagua mwenye kutunza sanduku.

3. Tunajua mabinti wangapi, hapa kwetu, walioacha shule kwa sababu ya aibu ambayo hawakuifanya peke yao? Tuwaandike majina katika karatasi yetu, isitoke nje. Kisha tuone ni nani anaweza kurudi darasani mwaka huu.

La tatu, nimekwisha kulianza. Juma lililopita nilirudi sokoni. Sikununua kitu. Niliketi kwenye kiti kidogo kando yake, nikamwomba radhi. Alikaa kimya muda mrefu, akipanga ndagala zake. Kisha akaniuliza kama mtu mwenye mtoto anaweza bado kufanya mtihani wa Serikali. Nilimwambia anaweza, na kwamba vitabu nitaleta mimi.

Bado hajanijibu kama atakubali. Nitakwenda tena siku ya posho asubuhi, mbele ya mkutano wetu.

Tuonane juma lijalo, wamama.

Mwalimu wenu